Mwongozo kamili: jinsi ya kuona mawingu ya vumbi na gesi yaliyo kati ya nyota, kwa macho na darubini ya mkono

Wengi wanaojaribu kuona nebula, yaani mawingu hayo ya gesi na vumbi, hurudi ndani mikono mitupu, na sababu huwa zilezile. Wametoka usiku wenye mwezi, wamekaa dakika tano, katikati wamefungua simu kusoma ujumbe, halafu wakatafuta angani zile rangi za waridi na zambarau za kwenye picha. Wakikosa, wanaamini kinachohitajika ni darubini ya mamilioni.

Si kweli. Wingu kubwa la vumbi kuliko yote utakayoyaona hapa halihitaji kifaa chochote, na watu wa Afrika Mashariki tuko mahali pazuri mno: kundi la nyota la Jabari (Orion) linapita utosini, na Msalaba wa Kusini, ambao mkazi wa London hauoni kamwe akiwa kwao, kwetu unapanda vizuri juu ya upeo. Fuata hatua hizi kwa mpangilio wake. Ukiruka ya tatu, zilizobaki hazitakusaidia.

## Unatafuta nini hasa

Nafasi kati ya nyota na nyota si tupu. Kuna gesi, sehemu kubwa haidrojeni na heliamu, na humo mmechanganyika vumbi. Kwa uzito, vumbi ni takriban asilimia 1 tu, lakini ndilo linaloziba mwanga. Chembe zake ni ndogo kuliko sehemu moja ya elfu ya milimita. Nyingine ni za madini ya mawe, nyingine za kaboni, na kwenye baridi kali huvikwa barafu.

Machoni pako mawingu haya huja kwa sura tatu:

- Gesi inayong'aa. Nyota changa zenye joto kali huipiga kwa miale ya urujuanimno, nayo ikatoa mwanga wake yenyewe.
- Vumbi linaloakisi. Halina mwanga wake; linarudisha mwanga wa nyota iliyo jirani.
- Vumbi jeusi. Hili hulioni lenyewe. Unaona nyota zinazokosekana nyuma yake.

Sura ya tatu ndiyo inayowashinda watu, kwa kuwa wanatafuta kitu ilhali wanapaswa kutafuta pengo.

## Vifaa

- Darubini ya macho mawili, 7x50 au 10x50. Namba ya kwanza ni mara inazokuza. Ya pili ni upana wa lenzi ya mbele kwa milimita. Kwa kazi hii upana ni muhimu kuliko ukuzaji. Zile ndogo za mtaani zinazojitapa kukuza mara 60 ziache: picha yake ni ya giza na mkono ukitikisika kidogo tu kila kitu kinaruka.
- Mkeka au kiti cha kuegemea. Bila hiki shingo itakuondoa mapema kuliko usingizi.
- Tochi yenye mwanga mwekundu. Paka kioo chake rangi nyekundu ya kucha, tabaka mbili au tatu, au funga nailoni nyekundu iliyokunjwa.
- Simu yenye programu ya ramani ya nyota. Stellarium inapatikana bure. Iweke kwenye hali ya usiku, ile ya skrini nyekundu, kabla hujatoka.
- Daftari na penseli.
- Stendi ndogo ya miguu mitatu yenye kishikio cha simu, ukitaka kupiga picha.
- Nguo nzito, dawa ya mbu, na kitambaa safi cha lenzi.

Huna darubini? Hatua ya 1 hadi ya 3, nusu ya 5 na nusu ya 6 zinafanyika kwa macho matupu.

## Hatua ya 1: Chagua usiku

Adui wa kwanza ni mwezi. Mwanga wake unaifanya anga yote kuwa ya kijivu, na pengo la giza haliwezi kuonekana kwenye anga isiyo na giza.

Kalenda ya Kiislamu inakupa jibu bila programu yoyote. Ukitaka kutazama jioni, chagua kuanzia usiku wa 20 wa mwezi mpaka usiku wa 3 wa mwezi unaofuata: kabla ya tarehe 30 mwezi unachelewa kuchomoza, na mwezi mwandamo unazama mapema. Ukitaka kutazama alfajiri, geuza: kuanzia tarehe 1 hadi 10 hivi, mwezi utakuwa umeshazama.

Adui wa pili ni mvua. Msalaba wa Kusini unakuwa juu kabisa saa tatu usiku katikati ya Mei, yaani ndani ya masika kwa sehemu kubwa ya pwani yetu. Watu husoma vitabu vya kigeni vinavyosema "Mei", wanatoka, wanakuta mawingu ya mvua, wanakata tamaa. Tumia ratiba hii badala yake:

- Desemba hadi Februari, jioni: Jabari na Kilimia (Pleiades).
- Mwisho wa Januari na Februari, kuanzia saa kumi alfajiri: Msalaba wa Kusini na Mfuko wa Makaa, wingu jeusi la vumbi lililo kando yake.
- Juni, saa mbili usiku: Msalaba wa Kusini tena, masika yakiwa yamekwisha.
- Julai hadi Septemba, saa mbili hadi saa nne usiku: makundi ya nyota ya Nge (Scorpius) na Mshale (Sagittarius), na mkanda mkubwa wa vumbi wa Njia Nyeupe, ule mkanda hafifu wa nyota za galaksi yetu.

Kwa walio Nairobi na nyanda za juu zinazoizunguka, Juni hadi Agosti ni miezi ya mawingu mazito ya baridi. Msikae kusubiri yapasuke. Teremkeni Bonde la Ufa, upande wa Magadi, ambako ni chini na pakavu. Dodoma na Singida wana bahati ya pekee, maana kiangazi chao kinaanguka hasa kwenye miezi ya Njia Nyeupe. Ila kuelekea mwisho wa kiangazi moshi wa kuchoma mashamba na vumbi vinaweza kuififisha anga, kwa hiyo Juni na Julai ni bora kuliko Septemba.

Umefaulu ikiwa: una tarehe mbili au tatu zilizozungushwa kwenye kalenda, si moja. Anga haina ahadi.

## Hatua ya 2: Chagua mahali

Unahitaji upande wa kusini ulio wazi na usio na mji. Hili la kusini wengi hawalifikirii. Ukiwa Dar es Salaam, Msalaba wa Kusini hupanda nyuzi kama 37 tu juu ya upeo. Nairobi ni kama 31. Ukienda Bagamoyo kukwepa taa, taa za Dar zitakuwa kusini kwako, palepale unapotaka kutazama. Afadhali uende upande wa pili, mji ukae mgongoni.

Ufukwe ulio kusini mwa mji ni mzuri, ila hewa ya bahari hupaka lenzi chumvi. Ifute kwa kitambaa chake, si kwa kanga wala shati, maana chembe za mchanga huikwaruza.

Tahadhari: mtu aliyelala gizani na kifaa machoni huleta maswali. Mwarifu mwenyekiti wa kitongoji au mzee wa eneo mchana, omba ruhusa ya mwenye shamba, na usiende peke yako. Angalia ardhi kwa tochi ya kawaida kabla hujatandika mkeka. Nyoka na siafu hawajui shughuli yako. Karibu na hifadhi, baki ndani ya eneo la kambi.

Umefaulu ikiwa: baada ya saa moja na nusu usiku unaiona Njia Nyeupe bila kuitafuta. Ikikubidi kuulizana "ndiyo ile?", songa kilomita nyingine chache.

## Hatua ya 3: Yape macho muda

Hapa ndipo wengi wanapoanguka.

Mboni hufunguka kwa sekunde chache, lakini kemikali ya ndani ya jicho inayohisi mwanga hafifu huhitaji dakika 20 hadi 30 za giza ili ijijenge. Skrini nyeupe ya simu, hata ya kuangalia saa, huirudisha nyuma kwa kiasi kikubwa, na unaanza kuhesabu upya. Mwanga mwekundu hafifu hauharibu hivyo, kwa sababu seli za jicho zinazofanya kazi gizani karibu haziuhisi wekundu.

Jambo hilohilo ndilo linaloeleza rangi. Gesi ya haidrojeni hung'aa kwa wekundu, na kamera huukusanya kwa sekunde au saa nzima. Jicho lako la usiku haliuoni. Utaona kijivu, pengine chenye dalili ya kijani kwenye nebula inayong'aa sana. Ukikubali hili tangu mwanzo hutaipita nebula ukidhani ni uchafu wa lenzi.

Jizoeze pia kutazama pembeni. Katikati ya jicho hakuna seli za giza, zimejaa pembezoni. Elekeza macho kando kidogo ya kitu, huku akili ikibaki kwenye kitu chenyewe. Kinatokea. Ukikitazama moja kwa moja, kinapotea.

Umefaulu ikiwa: unaona vidole vyako na mikunjo ya mkeka kwa mwanga wa nyota peke yake.

## Hatua ya 4: Anza na gesi inayong'aa, kwa Jabari

Jicho linajifunza haraka zaidi kwa kitu chenye mwanga. Kwa hiyo anza hapa ikiwa msimu unaruhusu.

1. Tafuta nyota tatu zilizopangana mstari, zenye mng'ao unaokaribiana: mkanda wa Jabari. Kwa Zanzibar na Dar, mwishoni mwa Januari saa tatu usiku ziko karibu kabisa na utosi. Lala chali.
2. Upande mmoja wa mkanda kuna Betelgeuse, nyekundu. Upande wa pili Rigel, nyeupe ya samawati. Nenda upande wa Rigel.
3. Karibu vidole vitatu vya mkono ulionyooshwa kutoka kwenye mkanda kuna safu fupi ya nyota hafifu: upanga. "Nyota" ya katikati haijakaa kama nyota. Ina ukungu.
4. Sasa inua darubini. Egemeza viwiko kifuani, shusha pumzi, tulia.

Umefaulu ikiwa: unaona ukungu wa kijivu uliopanuka kutoka kwenye kiini chenye nyota zilizobanana, na kingo zake hazilingani, upande mmoja umekatika ghafla, mwingine unafifia polepole. Hiyo ni Nebula ya Jabari, umbali wa miaka nuru kama 1,300 (mwaka nuru ni umbali ambao mwanga husafiri kwa mwaka mmoja), upana wa zaidi ya miaka nuru 20. Nyota za kiini chake ni changa mno, na nyota nyingine zinaendelea kuzaliwa nyuma ya pazia la vumbi.

Ukimaliza, pitisha darubini kwa Kilimia. Nyota zake zinapita ndani ya wingu la vumbi linaloakisi mwanga wao wa samawati. Ni kazi ngumu, na wengi hujidanganya: ukungu waliouona ni pumzi yao kwenye lenzi. Kuna jaribio rahisi. Tazama Aldebaran, nyota nyekundu iliyo karibu. Nayo ikiwa na ukungu, futa lenzi, anza tena.

Usianze na Nebula ya Kichwa cha Farasi, hata kama ndiyo uliyoipenda kwenye picha. Iko hapohapo karibu na mkanda, lakini inahitaji darubini kubwa, kichujio maalumu na jicho lenye uzoefu. Imewakatisha tamaa watu wengi bila sababu.

## Hatua ya 5: Mfuko wa Makaa

Hii ndiyo hatua ninayoipenda kuliko zote, na inastahili saa nzima.

Kwanza hakikisha ni Msalaba wenyewe. Kuna msalaba wa uongo upande wa magharibi yake, mkubwa zaidi na hafifu zaidi. Msalaba wa kweli ni mdogo, kimo chake ni zaidi kidogo ya vidole vitatu, una nyota ndogo ya tano ndani yake, na kushoto kwake kuna nyota mbili zenye nguvu zinazouelekeza, Alfa na Beta za kundi la Kantarusi (Centaurus). Hakuna elekezi, hakuna Msalaba.

Kisha tafuta pengo. Msalaba ukiwa wima mbele yako, nyota ya chini ni Acrux na ya kushoto ni Mimosa. Kushoto kwa Acrux, chini ya Mimosa, Njia Nyeupe ina doa jeusi lenye upana unaozidi Msalaba wenyewe kidogo. Usilikazie macho. Tazama Acrux, doa litajitokeza pembeni.

Je, ni wingu la mvua? Subiri dakika 15. Wingu la kwetu litasogea na kufunika nyota nyingine. Mfuko wa Makaa unatembea pamoja na Msalaba, haubadilishi mahali pake hata kidogo.

Sasa fanya hesabu. Elekeza darubini kwenye Njia Nyeupe kati ya Msalaba na zile nyota mbili elekezi, uhesabu nyota unazoziona ndani ya mduara mpaka uchoke. Kisha ielekeze katikati ya doa. Nyota zinapungua ghafla, na kwa 10x50 doa linakaribia kuujaza mduara wote. Chache zinazobaki ziko mbele ya wingu, au zinapenya mahali ambapo vumbi ni haba. Rudia mara mbili tatu, ndani na nje, ndani na nje. Ukingo unapoupita unauhisi.

Hapo una jambo ambalo hakuna picha inayolitoa kwa uwazi huo. Acrux iko umbali wa miaka nuru kama 320. Wingu liko nyuma yake, karibu miaka nuru 600. Telezesha darubini karibu na Mimosa, umbali wa kidole kidogo, utaona kifundo kidogo kinachometameta: ni Kisanduku cha Vito, kundi la nyota lililo umbali wa zaidi ya miaka nuru 6,000, ambalo linaonekana kwa kuwa liko nje kidogo tu ya ukingo wa vumbi. Nyota ya mbele, pazia, na kundi la mbali, vyote ndani ya mduara mmoja.

Wingu lenyewe ni jembamba mno kuliko hewa unayovuta. Linaziba kwa sababu ya unene wake, makumi ya miaka nuru. Ni sawa na vumbi la barabarani linaloziba taa za lori lililo mbali wakati hapo uliposimama hulioni hata kidogo.

Umefaulu ikiwa: unaweza kumwonyesha jirani yako ukingo wa doa kwa maneno, "linaanzia hapa, linaishia pale", naye akakubali bila kusukumwa.

Kabla hujaondoka, peleka darubini kulia kwa Msalaba, ngumi moja na ushei. Ukungu mkali unaouona ni Nebula ya Carina, gesi inayong'aa umbali wa miaka nuru kama 7,500, na mstari mweusi wa vumbi umeipasua.

## Hatua ya 6: Nge, Mshale na ufa mkubwa

Julai na Agosti jioni, Njia Nyeupe inasimama kutoka kusini hadi juu ya kichwa, nayo imepasuka katikati. Huo ufa si mahali pasipo na nyota. Ni mawingu ya vumbi yaliyopangana mbele yake.

Ukitazama kusini, weka Antares, nyota nyekundu ya moyo wa Nge, upande wa kulia. Kushoto tafuta umbo la birika katika Mshale. Vidole vitatu juu ya mdomo wa birika kuna doa la ukungu linaloonekana hata kwa macho: Nebula ya Lagoon. Kati yake na Antares, kwenye sehemu yenye mwanga, kuna mstari mweusi wenye bakuli upande mmoja. Ni Nebula ya Kiko, vumbi tupu. Macho matupu yanaiona vizuri kuliko darubini, kwa kuwa ni ndefu kuliko mduara wa darubini.

Mdomo wa birika unaelekea kwenye kitovu cha Njia Nyeupe, umbali wa miaka nuru kama 26,000. Hutakiona. Vumbi limezuia karibu mwanga wake wote unaoonekana, lakini mawimbi ya redio yanapita humohumo. Ndiyo maana MeerKAT, darubini ya redio ya Afrika Kusini yenye antena 64, ilipozinduliwa mwaka 2018 ilionyesha picha ya kitovu hicho.

Umefaulu ikiwa: unaufuata ufa kwa kidole kutoka Nge mpaka upotee kaskazini.

## Hatua ya 7: Picha kwa simu

Fungua kamera kwenye hali ya kitaalamu. Tumia lenzi kuu, si ile ya kukuza. ISO (unyeti wa kamera kwa mwanga) 1600 hadi 3200, muda wa sekunde 15, fokasi kwenye alama ya mlima, yaani mbali kabisa, kipima muda sekunde 3 ili kidole kisitikise simu. Zima mwanga wa kamera. Zidisha muda na nyota zitavutika kuwa mistari.

Piga mara kadhaa, kwani picha moja inaweza kuharibiwa na upepo. Usiifungue kuitazama ukiwa bado unataka kutumia macho. Picha iwe kazi ya mwisho ya usiku.

Umefaulu ikiwa: katikati ya upanga wa Jabari pana doa la waridi lililofifia, au kando ya Msalaba pana shimo jeusi lenye kingo.

## Bado huoni?

- Anga yote ni ya kijivu. Mwezi, taa au unyevu. Hakuna darubini itakayotibu hilo. Badilisha usiku au mahali.
- Jabari naiona, Mfuko wa Makaa siuoni. Msalaba uko chini mno. Saa uliyochagua si sahihi. Rudi kwenye ratiba ya hatua ya 1.
- Naona doa jeusi lakini si mahali ulipotaja. Linganisha na ramani. Ukipata msalaba wa uongo, nyota mbili elekezi hazitakuwepo kushoto.
- Nyota zinacheza ndani ya darubini. Mikono imechoka. Lala chali, au egemeza darubini kwenye ukuta, bodi ya gari, au mpini wa jembe uliosimamishwa.
- Nilikuwa naona, sasa sioni. Umande kwenye lenzi. Usisugue, iweke ndani ya koti dakika chache, huku ukichora daftarini ulichokwisha kukiona, kingo za doa kwanza, nyota baadaye.